Wimbo wa Kata-Waya

Asubuhi ambayo mguu wa kushoto wa binti huyu uliamua kuyaingilia maisha yake, mtaa wa vipuri vya umeme ulikuwa umefurika kiasi kwamba mtu akitaka kujikuna pua alilazimika kuwaomba radhi watu watatu. Kila kibanda kilikuwa na spika yake, kila spika na wimbo wake. Kwenye kibanda cha saba, fundi mmoja mrefu, bisibisi nyuma ya sikio, shati limepungukiwa kifungo cha pili kutoka juu, alikuwa amekusanya watu kama muuza dawa ya mende.

"Mabibi na mabwana, spika hii ililetwa kwangu maiti. Sasa sikilizeni!"

Akabonyeza. Ikatoka sauti ya Zumari, yule mwimbaji ambaye hata vichanga vilikuwa vikinyamaza kumsikiliza, akisindikizwa na gitaa la mumewe, Nyuzi. Watu wakafumba macho kwa raha. Binti, aliyekuwa akipita zake na gauni la njano lenye mifuko mikubwa, hakufumba macho. Aliinamisha uso akaongeza mwendo, kama afanyavyo kila aisikiapo sauti hiyo, na huo mwendo ndio uliomponza. Kiatu kikanasa kwenye waya, waya ukachomoka na kipande cha ukuta, na Zumari akakatika katikati ya neno "moyo".

"Wewe! Umekata waya!"

"Nisamehe, kaka."

"Nikusamehe vipi, na umeniulia mgonjwa niliyemfufua jana?"

"Basi mfufue tena. Si ndiyo kazi yako?"

Watu wakaangua kicheko. Fundi hakucheka. Alibaki ameduwaa, mdomo wazi, kama aliyepigwa na ule umeme uliokatika.

"Dada, una sauti," akasema hatimaye.

"Kila mtu anayo."

"Hapana. Wengine tuna kelele tu."

Binti akaaga haraka, lakini gauni la njano halikufika hata kibanda cha tisa kabla halijageuka kuangalia nyuma. Fundi alikuwa bado amesimama na waya mkononi. "Kata-Waya!" akaita. "Kesho pita tena, nitauweka pale pale!"

Akapita. Na keshokutwa pia.

Kitu ambacho Fundi hakukijua, wala mtaa mzima haukukijua, ni kwamba aliyekanyaga waya ule alikuwa mtoto wa pekee wa Zumari na Nyuzi. Alikuwa amerithi koo la mama yake bila kupunguziwa hata uzi mmoja. Akipokea simu nyumbani, shangazi zake walimsimulia mambo ya watu wazima dakika kumi kabla hawajagundua kwamba si mama yake. Na aliimba, tena aliimba kweli. Ila mara ya kwanza alipopanda kwenye shindano la waimbaji wapya, msimamizi alitaja jina lake kamili, na majaji wote watano wakasimama wakapiga makofi kabla hajafungua mdomo. Hakuufungua. Alishuka jukwaani vilevile alivyopanda, akarudi nyumbani akawaambia wazazi kwamba ameacha kuimba, akapanga chumba chake mwenyewe juu ya duka la cherehani, akapata kazi ya mapokezi kwa daktari wa meno. Nyimbo zake akaziandika kwenye daftari la miadi, upande wa nyuma.

Miezi mitatu baada ya siku ya waya, alikuwa hawezi kulala bila simu ya Fundi.

"Umekula, kipenzi?"

"Nimekula. Wewe?"

"Mimi nimekula risasi ya kuchomea nyaya. Nilikuwa nakuwaza, nikaitia kwenye chai badala ya sukari."

"Muongo!"

"Njoo unuse kikombe."

Nyuma ya kibanda, Fundi alikuwa na chumba kidogo cha kurekodia. Kuta zote zilikuwa zimebandikwa trei za mayai, na mlangoni palining'inia godoro kuukuu la kuzuia kelele za mtaa. Siku binti alipokubali kuimba humo, aliimba kwa sauti ya kukwaruza, ya kujilazimisha, kama mtu mwenye mafua ya wiki mbili.

Fundi akazima mtambo. "Hiyo ni sauti ya nani?"

"Yangu."

"Acha masihara. Sauti iliyoniomba msamaha mtaani siyo hiyo. Niletee ile."

Akamletea ile. Alipomaliza, Fundi alikuwa amekaa sakafuni na hakumbuki amekaa saa ngapi.

"Laazizi, umefanana na Zumari!"

"Watu hufanana," akasema binti, akijifanya anatafuta kitu mfukoni.

"Hufanana pua! Wewe umefanana koo!" Kisha akacheka, akaliacha jambo hilo papo hapo, kwa sababu Fundi alikuwa mtu wa kuamini anachoambiwa na mwanamke anayempenda.

Wimbo wenyewe ulikuwa na beti tatu. Mbili za kwanza zilimwita mtu aliye mbali arudi nyumbani, na kila mtu angedhani anaitwa bwana fulani asiye na shukrani. Ubeti wa tatu ndio uliokuwa na siri. Ulimwimba mtoto aliyekuwa akilazwa nyuma ya jukwaa, ndani ya sanduku la gitaa la baba yake: gitaa likitoka anaingia yeye, makofi ya watu ndiyo bembelezo lake, na mama akija kumchungulia, anafumba macho tu ili mama arudi kazini kwa amani. Fundi alipiga gitaa lake lililopungukiwa nyuzi mbili, akaziruka nafasi zake kwa ustadi wa mtu asiye na la kufanya.

"Nikikuoa, utaniandikia wimbo na mimi?" aliuliza wakati anahifadhi rekodi.

"Unioe na shati hilo?"

"Kifungo ninacho, kipo nyumbani."

"Siku kitakapofika shatini, tutazungumza." Kisha akawa mzito ghafla. "Peleka redioni. Lakini usiandike jina."

"Hata moja?"

"Hata moja. Nataka wausikie kwanza, halafu ndiyo waulize ni wa nani. Niapie."

Fundi akaapa kwa bisibisi yake. Akatia flashi kwenye bahasha nyeupe isiyo na hata nukta, akaitumbukiza kwenye kikapu cha nyimbo mpya pale redioni. Hilo ndilo kosa lao, na ni kosa ambalo wao wawili tu wangeweza kulifanya.

* * *

Alhamisi, saa nne kasoro, daktari wa meno alikuwa ndani ya mdomo wa mteja hadi kwenye viwiko. Redio ya mapokezi ilikuwa ikizungumza peke yake, yaani alikuwa anazungumza Kasuku, yule mtangazaji wa asubuhi asiyewahi kumeza mate. Mara gitaa likaanza kuruka nafasi mbilimbili.

Binti akasimama. Kalamu ikamtoka mkononi. Ilikuwa ni yeye! Ni yeye, ndani ya redio, mji mzima ukimsikiliza! Daktari akazima mashine akatoka na glovu zake. Mteja akatoka nyuma yake, mdomo wazi na pamba ndani, akitikisa kichwa kwa kuufuata mdundo. Machozi yakamlenga binti. Alikuwa tayari kupiga kelele: ni mimi!

Ubeti wa pili ulipokwisha, Kasuku akaingilia kati kama kawaida yake, akaufunika ubeti wa tatu wote kwa maneno yake.

"Kaaarudi! Miaka minne ya kimya, karudi! Kaniletea kwenye bahasha tupu bila hata jina, anatutania! Nani duniani asiyeijua sauti hii? Mabibi na mabwana, Zumariii!"

Daktari akapiga makofi. Mteja akatema pamba ili ashangilie vizuri.

Masikioni binti alisikia mlio mmoja tu, mwembamba, kama wa mashine ya kutobolea meno. Kisha akachukua mkoba wake akatoka mbio, na wagonjwa watatu wakabaki wanajipangia miadi wenyewe.

Kwenye kibanda cha saba Fundi alikuwa anacheza peke yake. "Umesikia? Umesikia, kipenzi? Ila huyo Kasuku ni kichaa! Anasema ni wa Zumari! Twende tukamwambie, na huyo mama naye akome kuchukua vya watu..."

"Huyo mama ni mama yangu."

Fundi akaacha mguu mmoja hewani. "Mama yako vipi?"

"Aliyenizaa! Usijifanye hujui!" Na hapo jicho lake likaangukia mezani. Palikuwa na karatasi yenye saini aliyoijua tangu hajajua kusoma, ile yenye mkia mrefu kama uzi wa gitaa. Akaisoma yote. Nyuzi alikuwa amempa Fundi kazi ya kufunga spika za onyesho la kuadhimisha miaka thelathini ya Zumari na Nyuzi.

"Hii ni nini?"

"Kazi! Nilitaka kukushtua nayo Jumamosi. Nilimtengenezea yule mzee kikuza sauti chake, akapenda mkono wangu..."

"Akapenda mkono wako. Na wewe ukampa nini, wimbo wangu? Ulijua tangu siku ile ya waya!"

"Mpenzi, naapa..."

"Umeshaapa kwa bisibisi. Inatosha."

Akaondoka. Gauni lilipita katikati ya spika zote za mtaa, na kila spika ilikuwa imeshaanza kuimba wimbo wake kwa jina la mtu mwingine.

* * *

Kwa wazazi wake magari yalikuwa yamejaa hadi nje ya geti. Sebuleni watu walikuwa wamesimama kwa kukosa viti. Zumari, ndani ya gauni la zambarau lenye shanga shingoni, alikuwa analia na kucheka kwa zamu. Miaka minne hakuwa ametoa wimbo, na watu walikuwa wameanza kuitaja sauti yake kwa heshima ile wanayowekewa marehemu. Alipomwona bintiye akamkumbatia mpaka shanga zikamchoma.

"Mwanangu, umesikia wimbo wangu?"

Wimbo wangu. Binti akajitoa kwenye zile shanga. "Mama... uliuimba lini?"

Zumari akashusha sauti. "Sikumbuki! Nimejikuna kichwa tangu asubuhi. Lakini si umesikia? Sauti ni yangu. Mtu anaweza kusahau wimbo, hawezi kusahau koo lake."

"Ni mwaka ule wa mafua," akadakia Nyuzi kutoka kwenye kochi, gitaa mapajani, amezungukwa na wasikilizaji. "Nakumbuka vizuri sana. Sikia hapo gitaa linavyoruka! Kuna mwingine anaweza kuruka hivyo? Mtindo huo niliubuni mwenyewe."

Binti akamtazama baba yake akitafuta kwa vidole, mbele za watu, mtindo uliozaliwa kwa kukosekana nyuzi mbili. Angecheka, kama siyo uso wa mama. Miaka minne hajauona umewaka hivyo. Neno moja tu, "ni wangu", lingeuzima uso huo papo hapo. Na asipolisema, basi yeye ndiye atakayekuwa amezimwa, safari hii si kwa makofi ya majaji, ni kwa mdomo wake mwenyewe.

"Umepauka, mwanangu. Unaumwa?"

"Hapana, mama. Nimeshtuka tu. Kwa furaha."

Akatoka kwa mlango wa jikoni. Alikuwa ameshafika chumbani kwake juu ya cherehani alipogundua simu yake imebaki kwenye kochi la mama.

* * *

Ijumaa saa tatu asubuhi alikuwa mlangoni kwa redio, gauni la njano lile lile, limepigwa pasi. Alikuwa ameamua. Kasuku alimpokea kwa kicheko na kumwingiza hewani moja kwa moja, kwani hakuna kitu alichokipenda kama kichekesho cha bure.

"Wasikilizaji, ninaye hapa dada mmoja anadai wimbo wa Zumari ni wake! Dada, hebu... hebu zungumza!"

"Habari za asubuhi. Wimbo ni wangu. Niliuandika mimi, nikauimba mimi."

Kasuku akaruka kwenye kiti. Alivua vipokea sauti, akavivaa upya kwa upande wa pili. "Mama Zumari? Umejigeuza?"

"Mimi siyo Zumari."

"Basi wewe ni mwigaji hatari! Wasikilizaji, fungeni milango! Na subiri, subiri, simu ya studio inalia... Halo?"

"Habari za asubuhi," ikasema simu, kwa sauti ile ile.

Jasho likamtoka Kasuku. Akamwangalia binti, akaiangalia simu, akamwangalia binti tena kuhakikisha mdomo wake umefumba. "Mama Zumari, asante Mungu. Mwambie huyu dada wimbo ni wa nani."

Binti akashika ukingo wa meza.

"Jana," akaanza Zumari taratibu, "nilipokea simu iliyosahauliwa kwenye kochi langu. Kabla sijasema 'halo' ya pili, mwanaume mmoja alikuwa ameshaniita kipenzi mara nne."

"Nani kakuita kipenzi?" ikasikika sauti ya Nyuzi kwa mbali.

"Nyamaza, baba. Akaniambia: niliiacha bahasha tupu kama ulivyotaka, sikujua wewe ni mtoto wa nani, na hata sasa sijali. Akasema kama Kasuku angefunga domo lake kwenye ubeti wa tatu, mji mzima ungejua wimbo ni wako. Nikamwambia: niimbie huo ubeti. Akaniimbia." Zumari akacheka kidogo. "Ana sauti kama msumeno kwenye bati, kijana wa watu. Lakini maneno niliyasikia yote."

Kasuku akaisogeza simu karibu na kipaza sauti.

"Mwanangu, upo hapo?"

"Nipo, mama."

"Kila usiku. Miaka ile yote. Nilikuwa nakuja kuchungulia kwenye lile sanduku, nakuona umelala, narudi jukwaani naimba kwa roho safi. Sikujua kama ulikuwa macho."

Binti akaiinamia simu.

"Wimbo si wangu," akasema Zumari, na sasa alikuwa anausemea mji. "Sijawahi kuuimba. Nilitamani sana uwe wangu, nikajidanganya siku nzima. Mume wangu hakulipiga gitaa lile pia."

"Ila mtindo ni wangu," akasema Nyuzi kwa mbali.

Kasuku akameza mate, kwa mara ya kwanza katika utumishi wake. "Basi... basi tumtambulishe upya. Binti Zumari..."

"Usimwekee jina mdomoni," simu ikamkata. "Muulize mwenyewe."

Binti akavuta kipaza sauti. "Andika Kata-Waya."

"Kata-Waya? Jina gani hilo? Umepewa na nani?"

"Sikupewa. Nililipata kwa mguu wangu mwenyewe."

Akaimba ubeti wa tatu, bila gitaa, bila kukwaruza, kwa sauti aliyoikimbia miaka yote. Kasuku alifunga mdomo mpaka mwisho. Ukibisha, waulize waliokuwepo: walidhani amezimia.

Neno la mwisho lilikuwa halijatulia mlango ulipofunguliwa kwa kishindo. Fundi aliingia mbio, aproni kiunoni, bisibisi sikioni, jasho hadi kwenye nyusi, macho kwa binti tu, wala siyo chini. Mguu wake wa kulia ukanasa. Taa zote nyekundu za mtambo zikazimika, na mji mzima ukabaki unaitikisa redio.

"Jamani! Waya mkuu!" akalia Kasuku.

"Nitautengeneza," akasema Fundi akihema, "lakini kwanza niseme. Kata-Waya, yule mzee nimemrudishia karatasi yake. Nitafunga spika zako wewe, hata kama ni mbili tu."

Binti akalitazama shati lake. Kifungo cha pili kutoka juu kilikuwepo. Kilikuwa cha rangi tofauti, kimeshonwa kwa waya mwembamba wa shaba.

"Umekishona saa ngapi?"

"Usiku kucha. Ulisema siku kitakapofika tutazungumza. Nioe. Yaani nikuoe. Yaani..."

"Nakubali!"

Fundi akaruka juu, akagonga taa kwa kichwa, akamkumbatia Kasuku kwa bahati mbaya. Ndipo akagundua kwamba binti amesimama vilevile, midomo imefumba, naye ameshtuka kuliko yeye. Wote watatu wakageuka kuitazama simu ya mezani, ambayo haikutegemea waya wa mtambo, na ilikuwa bado wazi.

"Mama!"

"Imenitoka, mwanangu! Nilikuwa najifikiria mimi na baba yako siku ile."

"Mama, hilo jibu nitalitoa mwenyewe."

"Samahani. Nakata simu. Nyuzi, toa sikio hapo, nakata simu."

Ikakatika. Fundi alikuwa amepiga magoti, nusu kwa ajili ya waya, nusu kwa ajili ya lile jambo lingine, na nyuzi za shaba zilikuwa vidoleni mwake. Huko nje mji ulikuwa kimya, unasubiri. Binti akachuchumaa, gauni la njano likatandaa sakafuni, akamshika mkono asiunganishe kwanza.

"Fumba macho," akamwambia. "Sasa sikiliza vizuri, kwa sababu safari hii ni mimi."